Sauti ya Mji wa Memphis: Habari za Stesheni ya WDIA

Wazee wetu walisema, likilia la mgambo kuna jambo. Mpiga mbiu alipopita njiani na pembe yake, watu waliacha kazi wakatega masikio. Lakini mwenye akili hakusikiliza pembe tu, aliuliza pia, "Ni nani aliyemtuma?" Kwa maana pembe ni ya mpigaji, na neno ni la aliyemtuma. Leo redio ndiyo mbiu ya ulimwengu, na swali lile la wazee linafaa kuulizwa vilevile. Kwa hiyo nataka kuwaeleza habari za stesheni moja ya redio katika nchi ya Marekani, iliyoanzishwa kwa ajili ya faida ya biashara, ikapiga muziki, na mwishowe ikawa sauti ya watu ambao hapo kwanza hawakuwa na sauti. Jina lake ni WDIA, na mji wake ni Memphis.

Yafaa kwanza mfahamu jinsi redio ilivyo katika nchi ile. Tangu mwanzo stesheni nyingi za Marekani zilikuwa mali ya wafanya biashara. Serikali hutoa ruhusa tu, na kumpa kila mmoja namba ya wimbi lake ili sauti zisigongane angani. Msikilizaji halipi kitu. Anayelipa ni mwenye sabuni, au mwenye unga, au mwenye dawa, atakaye bidhaa zake zitajwe baina ya wimbo na wimbo. Basi stesheni yenye wasikilizaji wengi hupata matangazo mengi, na isiyosikilizwa hufa njaa. Majina ya stesheni zile nayo ni herufi tu: zilizo mashariki ya mto Mississippi kwa kawaida huanza na W, na zilizo magharibi huanza na K. Memphis uko ukingo wa mashariki wa mto huo. Ndiyo sababu ya W katika WDIA.

Mji wa Memphis uko katika jimbo la Tennessee, pembeni kabisa upande wa kusini-magharibi. Ulikuwa soko kubwa la pamba. Marobota yalishuka kutoka mashamba ya Mississippi na Arkansas, yakapakiwa katika meli za mtoni na magari ya moshi. Waliolima pamba ile walikuwa hasa watu weusi, wajukuu wa watumwa walioachwa huru baada ya vita vya mwaka 1861 hata 1865. Wengi wao waliiacha kazi ya shamba wakahamia mjini kutafuta ujira. Hata kufika miaka ya 1940, karibu watu wanne katika kila kumi wa Memphis walikuwa weusi. Mtaa wao mashuhuri uliitwa Beale Street. Humo mlikuwa na maduka, nyumba za michezo na wapiga muziki. W. C. Handy, aliyeandika na kupiga chapa wimbo wa "The Memphis Blues" mwaka 1912, alifanya kazi yake katika mtaa huo.

Lakini watu hao walikuwa wakikaa chini ya sheria za kuwatenga watu kwa rangi. Shule zilikuwa mbalimbali, viti vya magari vilikuwa mbalimbali, na hata bustani ya wanyama ya mji iliwafungulia watu weusi siku moja tu katika juma. Magazeti mengi ya Kusini yalipotaja mtu mweusi hayakumwita Bwana wala Bibi. Yaliandika jina lake tupu, kana kwamba ni mtoto. Na katika redio za Memphis hapakuwa na mtangazaji mweusi hata mmoja. Watu weusi walinunua redio kwa fedha zao, wakasikiliza maneno yasiyowahusu.

Tarehe 7 Juni 1947 ndipo WDIA ilipoanza kusikika. Wenyewe walikuwa Wazungu wawili, John Pepper na Bert Ferguson. Mtambo wao ulikuwa mdogo, wenye nguvu ya wati 250, yaani unakaribia nguvu ya taa nne za umeme za wati 60. Tena ruhusa yao ilikuwa ya mchana tu. Sababu yake ni hii: usiku mawimbi ya namna ile hupanda juu sana, yakagonga tabaka la anga na kurudishwa chini mbali, yakavuruga stesheni za miji mingine. Kwa hiyo stesheni nyingi ndogo ziliamriwa kunyamaza jua likichwa. WDIA ilipiga nyimbo za Wazungu wa mashambani na nyimbo laini za mjini, kama zilivyofanya stesheni nyingine zilizoitangulia. Basi msikilizaji afuate nini kwa mgeni, naye kwake kuna kile kile? Mwaka ukapita, na hasara ikazidi, hata wenyewe wakafikiri kuuza.

Ndipo Ferguson alipofanya hesabu ambayo wenzake hawakutaka kuifanya. Aliona kwamba katika mji na mashamba yanayouzunguka kuna maelfu ya watu weusi wanaonunua unga, sabuni, nguo na dawa, wala hakuna anayesema nao. Hapa yafaa tuwe wakweli: hakuanza kwa sababu ya kuchukia ubaguzi. Alianza kwa sababu alikuwa mfanya biashara mwenye duka lisilo na wateja, naye akaona wateja wamesimama nje bila mlango. Waswahili husema, biashara haigombi.

Mtu aliyemwendea alikuwa Nat D. Williams, mwalimu wa historia katika shule ya Booker T. Washington mjini Memphis. Williams alizaliwa mwaka 1907 penye mtaa wa Beale Street. Mchana alifundisha, tena aliandika makala katika magazeti ya watu weusi, na usiku wa mashindano ya waimbaji katika nyumba ya michezo ya Palace, yeye ndiye aliyekuwa akiwatangaza waimbaji jukwaani. Kwa hiyo alijulikana na wazazi, na watoto, na wacheshi, na watu wa makanisani. Ferguson hakutafuta sauti nzuri tu. Alitafuta mtu ambaye watu walikwisha kumwamini.

Tarehe 25 Oktoba 1948, saa kumi jioni, Mwalimu Williams aliketi mbele ya chombo cha kusemea. Taa ikawaka kumwonyesha aanze. Maneno yote aliyoyatayarisha yakamtoka kichwani. Asipopata la kusema, akacheka. Akacheka kicheko kikubwa kilichotoka tumboni, na kicheko hicho kikafuatwa na maneno. Toka siku ile aliendelea kufungua maongezi yake kwa kucheka, na watu wakakijua kicheko chake kama wajuavyo kengele ya shule. Santuri alizopiga zilikuwa za waimbaji weusi, nyimbo ambazo watu walizoea kuzisikia dukani na jukwaani, wala si katika redio ya mji wao.

Si wote waliofurahi. Wazungu wengine walipiga simu kwa hasira, na vitisho vya kulipua jumba la stesheni vikaletwa. Wenye matangazo nao walisitasita, wakiogopa kwamba bidhaa zao zikitajwa na mtu mweusi, Wazungu wataziacha. Lakini barua za wasikilizaji weusi zilimiminika, na maduka yakaona bidhaa zilizotajwa zikitoka rafuni. Hofu ikapungua kadiri mauzo yalivyozidi. Katika mwaka wa 1949 vipindi vya Wazungu vilipunguzwa kimoja baada ya kimoja, hata stesheni nzima ikawa ya wasikilizaji weusi toka asubuhi mpaka jioni. WDIA ikawa stesheni ya kwanza ya Marekani kupanga vipindi vyake vyote kwa ajili ya watu weusi, na punde ikapanda ikawa miongoni mwa stesheni zenye wasikilizaji wengi kuliko zote mjini.

Mwalimu Williams hakuiacha shule. Alitangaza alfajiri, akaenda darasani, akarudi kutangaza jioni. Siku za Jumapili aliongoza kipindi cha mashauri, kilichoitwa "Brown America Speaks", ambamo watu weusi walizungumza hadharani juu ya shule, kazi, kura na sheria. Wenzake katika kazi hiyo walikuwa wengi. A. C. Williams, naye mwalimu, wa elimu ya viumbe, alikusanya wanafunzi wa shule za mji wakawa kundi la waimbaji lililoitwa Teen Town Singers. Katika kundi hilo alikuwamo msichana Carla Thomas, ambaye baadaye alijulikana nchi nzima kwa nyimbo zake. Baba yake, Rufus Thomas, aliyekuwa mwanafunzi wa Nat Williams, alifanya kazi ya tanuri za mvuke katika kiwanda cha nguo mchana, kisha akaja kutangaza. Bibi Willa Monroe alipewa kipindi cha akina mama mwaka 1949. Alisema nao juu ya mapishi na mambo ya nyumbani, naye alikuwa miongoni mwa wanawake weusi wa kwanza kutangaza katika redio ya Kusini.

Kijana mwingine alikuja akiwa na gitaa mkononi. Jina lake Riley King, aliyezaliwa mwaka 1925 katika mashamba ya Mississippi na kukulia katika kazi ya pamba. Aliomba apewe nafasi ya kuimba. Ikatukia kwamba stesheni ilikuwa imepata tangazo la dawa ya maji iitwayo Pepticon, iliyosifiwa kwamba hutia nguvu mwilini, nayo kumbe ilikuwa na kileo ndani yake. King akatunga wimbo mfupi wa kuisifu dawa ile, akapewa dakika kumi kila siku. Faida yake kubwa haikuwa mshahara. Ilikuwa ruhusa ya kuwaambia watu mahali atakapopiga gitaa usiku. Watangazaji wakamwita "Beale Street Blues Boy", kisha jina likafupishwa likawa B. B., na kwa jina la B. B. King akajulikana ulimwengu mzima mpaka alipofariki mwaka 2015. Habari hii ina mafundisho mawili. Dawa ile haikustahili sifa ilizopewa, na redio inayolipwa na wauzaji ina hatari hiyo sikuzote. Lakini mlango ule ule uliopitisha dawa isiyofaa ulimpitisha mtu mwenye kipawa, ambaye pasipo mlango huo pengine angalibaki shambani.

Sasa niwaeleze jambo ambalo kwa maoni yangu lilizidi muziki. WDIA ilianza kutangaza shida za watu. Mtoto akipotea, alitangazwa. Mtu akipoteza mfuko wa fedha, au meno yake ya bandia, alitangaziwa. Aliyeunguliwa na nyumba aliombewa nguo. Aliyetaka kazi aliambiwa mahali pa kwenda. Na mikutano ya makanisa ilitajwa kwa majina na saa. Jina la fundi, la dobi, la mama mjane, likasikika katika redio ile ile iliyotaja majina ya wakubwa. Kwa watu walionyimwa hata neno Bwana gazetini, jambo hilo halikuwa dogo. Heshima ya mtu huanza kwa kuitwa jina lake kama ipasavyo.

Mwaka 1954 stesheni ilipewa ruhusa ya mtambo mpya wenye wati 50,000, na namba ya wimbi ikabadilishwa kutoka 730 kuwa 1070. Nguvu hiyo ilikuwa mara 200 ya ile ya kwanza, nayo ndiyo kubwa kuliko zote zinazoruhusiwa kwa stesheni za namna hiyo katika Marekani. Amri ya kunyamaza jua likichwa ikaondoka pia. Sasa sauti iliyokuwa ya mji mmoja ilienea katika mabonde ya mto Mississippi, katika vibanda vya wakulima wa pamba wasioweza kufika Memphis hata mara moja kwa mwaka. Wenye stesheni walijivuna mbele ya wafanya biashara kwamba wanawafikia watu weusi kumi katika kila mia wa nchi nzima.

Faida hiyo haikwenda yote katika mifuko ya wenyewe. Tangu mwaka 1949 stesheni ilifanya tamasha la nyimbo kila mwaka karibu na Krismasi, na baadaye tamasha jingine la kiangazi, na fedha za kiingilio zikatumiwa kwa msaada. Mfuko wa msaada huo, ulioitwa Goodwill Fund, ulinunua basi la kuwachukua watoto weusi walemavu mpaka shuleni, kwa sababu mji haukuwawekea basi. Ulisaidia vijana wapate timu za mchezo wa mpira wa besiboli, ukatoa fedha za masomo, ukasaidia nyumba ya watoto wasio na walezi. Katika tamasha la Desemba 1956 alifika Elvis Presley, kijana Mzungu wa Memphis aliyekuwa amekwisha kuwa mwimbaji mkubwa, na watu weusi wakamshangilia. Sheria zilikuwa zingali zikiwatenga katika viti, lakini katika nyimbo walikuwa wamekwisha kukutana.

Hapa msikilizaji mwenye fikira ataniuliza lile swali la mwanzo: ni nani aliyemtuma mpiga mbiu? Jibu ni kwamba sauti zilikuwa za watu weusi, na ufunguo wa nyumba ulikuwa wa Wazungu. Wenye mali walikuwa Wazungu, wasimamizi walikuwa Wazungu, na hapo mwanzo hata walioshika vyombo vya kurushia sauti walikuwa Wazungu. Mtangazaji mweusi aliweza kupendwa na watu mia elfu, asiweze kupewa cheo cha kuamua lolote. Mwaka 1957 stesheni ilipouzwa kwa Egmont Sonderling kwa fedha nyingi sana, walioifanya iwe na thamani ile hawakuwa wauzaji wala wanunuzi.

Linganisheni na habari za mji wa Atlanta, katika jimbo la Georgia. Mwaka ule ule wa 1949 Jesse B. Blayton, mtu mweusi aliyekuwa bingwa wa hesabu za fedha na mwalimu wa chuo kikuu, alinunua stesheni ya WERD. Hiyo ndiyo stesheni ya kwanza ya Marekani kuwa mali ya mtu mweusi. WDIA ilikuwa ya kwanza kwa sauti, WERD ilikuwa ya kwanza kwa ufunguo. Wengine husema moja ni bora na nyingine ni bure. Mimi naona zilihitajiana. Pasipo Memphis, wafanya biashara wasingaliamini kwamba wateja weusi wana thamani. Na pasipo Atlanta, watu weusi wangalidhani kwamba kazi yao ni kusema tu katika nyumba ya mwingine.

Mwaka 1968 Memphis ulipata majaribu makali. Tarehe 1 Februari wachukuzi wawili wa taka walisagwa na mashine ya gari la taka wakafa. Wenzao kama 1,300, karibu wote watu weusi, wakagoma kwa ajili ya usalama na ujira. Martin Luther King alikuja kuwaunga mkono, naye akauawa kwa risasi tarehe 4 Aprili katika nyumba ya wageni iitwayo Lorraine Motel. Ghasia zikazuka katika miji mingi, na watangazaji weusi walitumia sauti zao kuwasihi watu wasiharibu mitaa yao wenyewe. Serikali ilikuwa na askari na bunduki. Lakini neno lililosikilizwa majumbani lilikuwa la watu waliozoea kutangaza watoto waliopotea.

Baadaye watu weusi walipata vyeo vya juu katika WDIA. Lorraine Motel ilipochakaa ikawa karibu kupigwa mnada kwa deni, Chuck Scruggs, mmoja wa wakuu wa stesheni, alikuwa miongoni mwa walioongoza kuiokoa, na wasikilizaji wakaombwa kwa redio wachange. Mwaka 1982 jumba likanunuliwa mnadani kwa dola 144,000, na mwaka 1991 likafunguliwa kuwa nyumba ya makumbusho ya haki za raia. Nat Williams hakuiona siku hiyo, kwa kuwa alifariki mwaka 1983. Lakini waliochanga wengi walikuwa wameamshwa na kicheko chake alfajiri.

Na ufunguo nao ulipata mikono mingine. Bibi Martha Jean Steinberg alianza kutangaza katika WDIA miaka ya 1950, akajulikana kwa jina la "Malkia". Kisha akahamia mji wa Detroit, na katika ghasia za mwaka 1967 alikaa penye chombo cha kusemea saa nyingi akiwatuliza watu. Mwaka 1997 akanunua stesheni ya WQBH ya mji huo, iwe mali yake mwenyewe. Njia ya kutoka kuwa mpiga mbiu mpaka kuwa mwenye mbiu ilimchukua miaka zaidi ya 40.

Wasikilizaji wangu, na hasa ninyi wanafunzi, ichukueni habari hii kama kipimo. Msiihukumu redio kwa ukubwa wa mtambo wake. WDIA ilianza na nguvu ya taa nne. Wala msiihukumu kwa uzuri wa nyimbo zake tu, maana nyimbo nzuri ziliuza pia dawa isiyofaa. Ulizeni mambo matatu. Je, inawaita watu majina yao kwa heshima? Je, faida yake inawarudia wale wanaoipa faida? Na ufunguo wa nyumba uko kwa nani? Memphis walipata jibu jema la swali la kwanza upesi, la pili kwa sehemu, na la tatu kwa kungoja sana. Kungoja huko hakukuwa kwa uvivu. Kila mmoja aliingia kwa mlango mwembamba uliofunguliwa, akaupanua kidogo, akamwachia mwenziwe nyuma yake, na haba na haba hujaza kibaba.